Debe la Tatu

Walitandaza shuka jeupe ukutani, ukumbi wa reli,
viti vya kuazima, feni moja inanung'unika,
wakatuonyesha Tanga ya mwaka sitini na tatu:
mkonge unachanwa, unaanikwa, unafungwa marobota,
wanaume wamemiminika kwa baiskeli Barabara ya Ishirini,
kengele zao bubu, maana sauti ya filamu ilikwisha potea.
Mmoja anasahau njia, anaikodolea macho mashine ya picha,
anapigwa kikumbo na mwenzake, anacheka,
hayupo.

Halafu bomba la Ngamiani. Halafu mama yangu.

Sikumjua. Magoti ndiyo yaliyomjua,
yalisimama kabla yangu.
Binti wa miaka kumi na tisa, debe kichwani,
anakuja, anakuja,
anaitupia mashine jicho moja
kama amwonaye mdai mlangoni,
anapita.
Chini ya picha pameandikwa: Mwanamke achota maji.

Mwanamke mwenyewe yuko kando yangu,
miwani imefungwa kwa uzi, anatafuna bisi.
"Kanga si yangu," asema, na watu wakageuka.
"Ya Somoe binti Kheri. Yangu walisema imechuja,
haitatoka vizuri.
Nikapita mara ya kwanza, wakasema nimecheka.
Mara ya pili kuku akakatiza.
Ya tatu nikayamwaga maji, shingo ishaniuma.
Hilo debe mnaloliona ni tupu."

Ukumbi ukaangua kicheko.
Mimi nikabaki na ile shingo
iliyobeba utupu kwa adabu zote za maji,
na ule mkono, umeinuliwa kidogo,
unazuia kisichokuwapo kisimwagike.

Jina la kanga halisomeki, limekunjamana kiunoni,
zimebaki herufi tatu: TAZ.
Sijui ni tazama, sijui ni utazeeka.
"Alijua Somoe."
Na Somoe tumemzika mwaka juzi, Mabokweni.

Walikulipa?
"Shilingi. Somoe akadai nusu, ya kanga.
Nikampa senti thelathini, akaninunia mpaka Idi."

Mwishoni yalipanda majina:
mpiga picha, msaidizi wa mpiga picha,
hata dereva wa gari lao ana jina.
Taa zikawaka. Kijana wa kompyuta akauliza kama kuna swali.
Mama akanyoosha mkono.
Akaomba wairudishe, si pale alipo yeye,
nyuma kidogo, kona ya kushoto,
pale mtu ameinama anafunga gidamu ya kiatu
wala hainui uso.

Wakairudisha.
"Tena," akasema.
Wakairudisha.
"Huyo hakuambiwa apite," akasema,
si kwa ukumbi, si kwangu,
na bisi zikamporomoka mapajani asizione.

Nilijikuta nimekishika kisogo changu.