Brashi Tupu

Mara ya kwanza nilipoushika uso wa Evanthia
alikuwa na miaka ishirini na minne, mimi kumi na tisa,
katika studio ya pembezoni mwa Athene
iliyokuwa zamani ghala la zabibu kavu.
Harufu ilikuwa haijatoka.
Wakaniambia: mzeeshe, awe ajuza wa miaka sabini.
Nikachonga penseli, nikamchora makunyanzi
kama mtu anayepiga mistari ya daftari la hesabu,
naye akicheka, mistari ikikatika.
"Tulia, bibi," nikamwambia.
Jina likamganda.

Baada ya hapo akawa kila mtu.
Binti wa mwokaji aliyetoroka na baharia. Mtawa.
Mjane mara sita, mjane mweusi-na-mweupe,
kisha mjane wa rangi.
Alikufa mara tisa: mara mbili kwa kifua kikuu,
mara moja chini ya lori la matikiti,
akainuka akijikung'uta, akauliza
chakula cha mchana ni nini.

Ikaja runinga. Kila Alhamisi, saa tatu usiku,
alikuwa mama mkwe wa nchi nzima.
Muuza magazeti wa Kypseli akamnyima chenji:
"Kwanza mrudishie yule msichana mtoto wake!"
Akacheka hadi kwenye kona.
Kwenye kona akalia.
Hilo halikurushwa hewani.

Kuishi kwingi ni kuona mengi, husema watu.
Yeye kuishi kwake kulikuwa kuonwa.

Halafu miaka minne simu ikanyamaza.
Akatangaza sabuni, kisha dawa ya magoti.
Kwa ile ya magoti walinikodi saa moja tu;
nilitumia saa nzima kwenye nyusi zake,
hatukuongea.

Siku hizi kamera zinaona hadi vinyweleo.
Mwongozaji, kijana Iasonas, ananinong'oneza:
"Mfute miaka kumi."
Nasogeza taa, natafuta mistari yangu ya penseli.
Haipo. Nilikosea.
Huzuni niliiweka pembeni mwa macho;
yenyewe ilikwenda kukaa juu ya mdomo,
pale anapobana ili asiseme.
Na kicheko, ambacho sikukichora kabisa,
ndicho kilichopasua mashavu yote mawili.

Jana tulikuwa na kitanda cha hospitali, kifo cha kumi.
Sabini na moja sasa: amempita yule ajuza wangu kwa mwaka.
Akaketi kwenye kiti, akaushusha mkono wangu.
"Leo usinipake kitu."

Nikafungua sanduku hata hivyo.
Nikatoa brashi kavu, haina poda, haina chochote,
nikaipitisha pajini, puani, kidevuni,
kwa mpangilio uleule wa miaka arobaini na saba.
Akafumba macho.
Nje walikuwa wanaita jina lake, mara mbili, mara tatu.

"Tulia, bibi," nikasema.
Safari hii akatulia.