Nukta ya Bi Mize

Kule Konde, nyuma ya banda la mbuzi,
Bi Mize binti Shaame huchonga kwa maji.
Hana tindo wala nyundo. Ana kifuu
alichokitoboa kwa mwiba wa mndimu,
utambi wa kumbi,
na subira isiyo na adabu.

Tone. Nyamaza. Tone.
Nukta moja hula masika saba.

Waliomjia na ugomvi wa mipaka
walipatana kabla alifu haijashika.
Wa talaka walirudiana, wakaachana tena,
jiwe likabaki na kidoti, kama kovu la ndui.

Babu yangu alipeleka deni:
pishi arubaini za karafuu, kwa Faki Khatoro.
Dali, ye, nuni.
Ye peke yake ilikula masika kumi na nne.
Babu akafa nuni haina nukta.
Faki naye akafa.

Nikaenda mimi, na kikapu cha tende, nikaomba lifutwe.
Bi Mize akacheka hadi kanga ikamwanguka begani.
"Maji hayafuti, mwanangu. Huzidisha tu.
Katafute mwenye wino."
Akajaza kifuu.

Jana mjukuu wa Faki alinijia mbio, peku:
imetoboka!
Bi Mize kaziba kifuu kwa kidole gumba,
hasemi kitu.
Tukainama, shavu kwa shavu,
jicho langu tunduni, kisha lake.
Ng'ambo ya jiwe tuliona mguu wa kuku
na mche wa mkarafuu,
hauna mwenyewe.