Mwiko

Karani aliniuliza naapa kwa kitabu gani.
Akaniletea Kurani iliyofungwa kitambaa cha kijani
nami nikaogopa kuigusa: kucha zangu zina saruji,
na saruji haijui udhu.

Jina, Shemndolwa. Akaliandika vibaya, nikamwachia.
Kazi, mwashi.
Je, ni wewe uliyejenga jiko nyuma ya hekalu?
Ni mimi. Tofali elfu nne mia mbili na kumi.
Siku ya msingi walivunja nazi
maji yake yakaingia buti langu la kushoto.

Ulikuwa na kibali?
Mheshimiwa, mimi nilikuwa na mwiko.

Nilijibu kwa Kiingereza, lakini neno lile likagoma kuvuka:
mwiko wa kutandazia saruji,
mwiko wa kusongea ugali,
na mwiko ule mwingine, wa kuambiwa usithubutu.
Jaji Entwistle akainua kalamu, akangoja,
akaishusha bila kuandika.

Hekalu lenyewe, hapa Bolton, lilizaliwa kanisa.
Juu ya mlango pamechongwa 1871
na chini ya tarakimu hizo Ganesha amekaa,
mkonga umelowa, haulizi nani alitangulia.
Hati ya sabini na tatu yasema
kiwanja cha nyuma kibaki wazi, pasijengwe kitu.
Mzee Jamnadas, mweka hazina, alisema hati ni karatasi,
wanawake wanapikia kwenye ujia, moshi unawaua.
Bhanuprasad, mwenyekiti, alikuwa amelazwa, anapasuliwa moyo.
Alitoka hospitali akakuta ukuta.

Wahenga walituonya juu ya ufa usiozibwa.
Hawakusema lolote juu ya ukuta ulionyooka,
ukuta ambao timazi yenyewe ingeuapia,
na bado ukawa kosa.

Wakati wa mapumziko, kwenye ujia wa mahakama,
wazee wale wawili walikaribiana kama wanaotaka kusalimiana.
"Umekula pesa ya Mungu, mlafi we!"
"Na babako pale Korogwe? Alipima sukari
na kidole chake juu ya mizani!"
Kiswahili safi, cha dukani, cha miaka hamsini iliyopita,
kimehifadhiwa kama achari.
Mawakili wao walitabasamu. Walidhani ni mapatano.
Nikakohoa.
Wakageuka wote wawili, wakaona aibu kwa pamoja:
"Samahani, fundi. Hatukukuona."

Kanchanben hakuitwa kizimbani.
Alikaa safu ya nyuma, mkoba mapajani,
mwiko wake wa mbao umechomoza kama antena.
Kila Jumapili sahani mia mbili za kichri,
na hakuna aliyemuuliza jiko lilikuwa la nani.

Siku ishirini na nane, alisema jaji. Libomolewe.
Mzee Jamnadas akanipigia simu usiku:
aliyepanga ndiye ajuaye pa kuanzia kupangua.
Malipo yale yale. Nilikubali, nina kodi ya nyumba.

Nilianza juu, kwenye linta.
Saruji yangu ilikuwa nzuri, laana yake hiyo,
kila tofali lilitaka kuombwa.
Kwenye safu ya kumi na moja nilikuta alama ya dole gumba,
langu, limezama, limekauka na mistari yake yote.
Sikujua la kufanya. Nililifunga kwenye gazeti.

Bhanuprasad alikuja kutazama, kidonda kifuani,
akasimama kwenye mvua dakika tano
kisha akauliza kama tofali zinauzwa.

Kanchanben sasa anapikia chini ya turubai,
nguzo nne, kamba, na jiwe kila pembe.
Nilimfungia mimi, bure.
Turubai si jengo, nilimwambia.
Nimemuuliza wakili.
Anasema bado wanalijadili.