Juu ni Wapi

Barua ile niliichapa mimi.
Jumanne, kabla ya chai, ofisi ya wadi, Kariobangi,
kompyuta inakohoa, herufi ya r imegoma
mpaka uibonyeze kama mtu anayeua kunguni.

Bwana Gichohi alisimama nyuma yangu
akitafuna karanga, maganda yakinidondokea begani,
akanisomea:
"Kwa Mwalimu Syombua Mutiso, chekechea.
Kufuatia amri kutoka juu,
uteuzi wako umebatilishwa kuanzia leo."

Sababu? nikauliza, kidole hewani.
Akasema, weka nukta.

Nikaweka.
Nukta ni kitu kidogo, punje ya ulezi,
lakini waliingia humo watoto arobaini na watatu,
kodi ya chumba kule Huruma,
deni la maziwa,
na miezi saba ya kufundisha a, e, i, o, u
kwa makaa juu ya ukuta, chaki zilipokwisha.

Barua ya kwanza, ile ya kumwajiri,
pia niliichapa mimi, kwa r hiyo hiyo.
Bodi ilikaa, ikamsaili, ikapiga muhuri.
Alipokuja kuichukua aliniazima kalamu
akairudisha na kifuniko chake.
Ofisini kwetu kalamu hazirudi.

Jumatatu iliyofuata akaja binti wa shemejiye Gichohi,
viatu virefu, manukato mazito,
akauliza kama ni lazima kuwapeleka watoto msalani.

Syombua hakupiga kelele.
Alinunua bahasha ya kaki, akatia barua zote mbili,
akaenda Milimani.

Nami nikaitwa shahidi.
Jaji alikuwa mama mwenye miwani ya kamba,
aliisoma barua polepole, midomo ikitikisika,
kama anayetafuta jiwe kwenye mchele.
Kisha akainua uso:
"Juu ni wapi?"

"Juu, mheshimiwa," akasema Gichohi, "ni... ofisini."
"Ofisi ipi?"
"Ile ya juu."
"Ina jina? Ina mtu? Huyo mtu ana sahihi?"

Gichohi akanitazama.
Nami nikasema kweli, Mungu anisamehe, au asinisamehe,
nikasema ofisi yetu haina ghorofa.

Mtu mmoja nyuma akacheka, akafunga mdomo kwa kofia.

Uamuzi ulisomwa siku ya mvua.
Mengi sikuyashika, sheria ina maneno yanayotembea kwa magoti.
Haya niliyaandika nyuma ya risiti ya unga:
Aliyeajiri ni bodi. Wewe ulipewa kazi ya kupeleka barua,
hukupewa ya kuzizaa.
Ana kosa? Mwambie kosa lake, kwa maandishi.
Mpe siku za kujibu. Jibu lake lisome.
Kisha bodi iketi, si wewe na karanga zako.
(Hayo ya karanga ni yangu.)
Kalamu ya kuandika jina la mtu
haiji na kifutio upande wa pili.

Basi amerudi darasani.
Mshahara wa miezi aliyokaa nje bado uko njiani,
njia gani sijui, labda inapitia Turkana.
Watoto kumi na wawili wameshahama,
mmoja alimwita kwa jina la yule wa manukato
akaona haya, akajificha chini ya dawati.

Gichohi yupo. Anasalimia kwa nyusi.
Mimi nimehamishiwa stoo, kuhesabu majembe.
Nimeomba barua ya uhamisho, yenye sababu.
Bado sijaiona.

Jana, saa ya chakula, mlinzi alinishikia ngazi
nikapanda paani, nikiwa na sketi hivyo hivyo.
Nilitaka tu kuangalia.
Tangi jeusi la maji.
Njiwa wawili.
Buti moja la mlinzi, linakauka tangu masika.
Nikangoja kidogo, labda mtu angekohoa.