Ramani ya Pili

Kwenye ramani ya manispaa kilima hiki ni kijani kitupu.
Hakina paa, hakina ngazi, hakina mbwa wa Nho Tói.
Mwalimu Ivone Sequeira aliandika pembeni kwa penseli:
kijani hiki kina watu mia nne na kumi.

Mimi nilimshikia utepe wa kupimia.
Tulipanda Alto da Figueira uchochoro kwa uchochoro
mpaka kwenye bomba moja, chini ya dirisha la Felismina,
naye akatoka na mwiko unaodondosha mahindi:
“Liandikeni hilo. Tulilichimbia wenyewe, Jumapili saba,
siku ambazo hatusugui sakafu za benki za Lisbon.”

Mwalimu akaliandika.
Akaliandika na basi la saa kumi na robo alfajiri
na wanawake wake wanaonuka jiki,
akapima njia ile kwa usingizi, si kwa kilomita:
kutoka kilimani hadi benki
ni saa mbili za usingizi, kila siku, hazirudi.
Makala ikachapishwa. Huko Porto wakaipigia makofi.
Mgeni njoo, mwenyeji apone, tulijisemea.

Machi wakaja watu wa manispaa na rangi nyekundu.
Kila mlango ukapata namba,
na namba zilikuwa zetu.
Kwa Felismina, ishirini na saba. Kwenye ramani yetu,
ishirini na saba.
Hawakuwa na haja ya kuhesabu. Tulikwisha kuwahesabia.

Mwalimu alikaa ngazini, kalamu mfukoni.
Felismina akamletea bakuli, akangoja ale,
kisha akasema, bila hasira, na hapo ndipo palipouma:
“Ulituonyesha. Hukuuliza tunaonyeshwa nani.”

Tingatinga lilianzia chini.
Bomba lilirusha maji siku tatu, hakuna wa kulifunga.

Leo tuko ghorofa ya sita, mtaa mwingine, lifti mbovu.
Ramani ya pili iko nyuma ya kalenda ya muuza samaki.
Felismina anaamuru, mimi nachora:
hapa alizaliwa Djédjé, hapa mtini, hapa maji,
hapa tulicheza mpaka polisi wakachoka kutusubiri.
“Na kipimo?” nauliza.
Anafikiri.
“Mlango wangu uwe mkubwa kuliko benki.”

Mwalimu, aliyekuwa kimya dirishani, akaomba nakala.
Felismina aliikunja kalenda mara nne,
akaisokomeza kifuani.
“Tutaona,” akasema, akaenda kugeuza chungu.