Nilimfunga Dobrawa

Nilimfunga Dobrawa, mjini Bytom, Februari,
sita-mbili, sita-tatu, katika ghala la zamani la makaa
ambamo baridi iliupiga mpira ganzi, ukadunda chinichini.
Raketi yake ilikuwa na nyuzi za rangi mbili:
ukikatika mmoja, babaye aliunga kwa koleo.

Hakulia. Alikaa kwenye benchi
akahesabu kwa vidole mipira aliyoianzisha ikagota wavuni.
Kumi na moja.

Kisha nikaanza kumsoma magazetini, herufi za sisimizi:
wa mia nne na kitu. Wa mia mbili na tisa.
Eti Antalya alilala garini,
soksi akafulia vyooni, kituo cha mafuta.
Mimi nilikuwa nimeshapata kazi duka la dawa.

Leo ni wa kumi na nane duniani.
Foleni yangu imeganda mbele ya runinga.
Anadundisha mpira mara nne, anainua uso,
na midomo, naiona, inachezacheza:
bado anahesabu.

“Unamjua?” ananiuliza bibi mwenye kikohozi.
Namjua, nasema. Nilimfunga.
Anacheka mpaka kikohozi kinamrudia,
wala simlaumu.
Nampa chenji yake.