Dakika Mbili

Saa tatu unusu usiku, geti letu la Mwiki likishalia,
taa zilifagia ukuta wa jikoni
zikazimika. Injini haikuzimika.
Ilibaki ikinguruma chini kwa chini, kama paka aliyeshiba,
nami nimeshika mwiko, nahesabu:
dakika moja. Ya pili. Ndipo mlango wa gari.
Nikasema moyoni, kuna anayemuaga simuni.
Siku nyingine nikasema, ni sisi;
anajikaza kwanza ndipo aweze kutuona.
Sikuuliza. Adhabu yangu ilikuwa kupakua mapema
ale ugali uliopoa.

Mukhwana aliondoka mwaka juzi, masika.
Alichukua redio, viatu, picha ya mamake.
Nekoye akabaki kwangu, na gari likabaki,
na daftari la kurasa mia ndani ya dashibodi:
     88,400 — oili lita nne na nusu, chujio.
     93,400 — oili, chujio, plagi.
     98,350 — oili. Upepo, tairi la mbele kushoto.
Nililipekua lote nikitafuta jina, langu au la mwingine.
Kilomita tupu.
Baada ya 113,400 hakuna mwandiko.
Mimi sikuandika kitu. Mimi nilikuwa na haraka:
shule Kasarani, kazi Baba Dogo, foleni ya Outering,
kanyaga, fika, zima, chomoa ufunguo, kimbia.

Jumanne moshi wa samawati ulinifuata hadi Roysambu.
Aliye nyuma yangu alinipigia honi kama anayenipa pole.

Kirinyaga, kati ya duka la bolti na mama wa chapati,
fundi Nguli aliitoa ile tabo akaiweka kiganjani,
ndogo! konokono wa chuma,
akaitikisa shafti kwa kidole kisicho na kucha.
"Mama, hii kitu huzunguka mara laki moja kwa dakika.
Haijashikwa na chochote, inaelea juu ya oili.
Ukizima ghafla baada ya mwendo, oili inasimama,
lakini joto halijui kwamba umefika nyumbani.
Oili inaungulia humo humo, inakuwa masizi ya sufuria."
Alikwangua kwa bisibisi. Weusi ukadondoka juu ya gazeti.
"Iachie dakika mbili ipoe, ndipo uzime.
Anayejua hufanya hivyo." Kisha, bila kunitazama:
"Shafti hii ina miaka minane ya adabu
na miwili ya papara."

Mama wa chapati alinisogezea kiti. Sikuwa nimeomba.

Basi ndiyo hiyo. Labda ndiyo hiyo.
Mtu anaweza kupoza injini na bado akamuaga mtu simuni;
dakika mbili ni ndefu, zinabeba mambo mawili.
Niliandika ujumbe: Ulikuwa unangoja tabo?
Nikaufuta. Nikauandika tena bila alama ya kuuliza. Nikaufuta.
Fundi alitaka elfu kumi na nne, sili na beringi,
na oili ile ya bei, "si ya kupimiwa kwenye chupa ya soda."
Nililipa. Niliomba kalamu.
     131,260 — oili, chujio, sili za tabo.
Mwandiko wangu ukakaa chini ya wake, umeinama kidogo.

Leo usiku Mwiki haina stima.
Nimeegesha. Ufunguo nimeuacha mahali pake.
Mshale wa joto hausemi kitu; ninachosikia ni mlio mwembamba
unaoshuka, unaoshuka, kama mtu anayemaliza hasira.
Dirishani jikoni pana mshumaa, na nyuma yake Nekoye,
miaka kumi na minne, mwiko mkononi.
Anatoka. Anagonga kioo kwa mpini wa mwiko:
"Mama, unaongea na nani?"

Zimebaki sekunde arobaini.